Pakisefala, Jina Nililompa Bura

Bagara, Babati
Jumamosi jioni

Mwanangu Veronika,

Sanduku lako limeshafungwa kwa kamba. Baba yako amekwenda stendi kuuliza kama basi la Dodoma limepata dizeli, na wewe uko kanisani unaagana na wenzako wa kwaya. Nimepata nafasi ya kukaa peke yangu na karatasi hizi, ambazo nimezichana kutoka katikati ya daftari la maandalio ya somo kwa sababu madukani hakuna nyingine. Nitaziweka ndani ya kitabu chako cha nyimbo. Ukizikuta kabla ya safari, naomba usizisome hapa nyumbani. Zisome basi likishapita Kondoa.

Sikuandikii habari za kuchemsha maji wala kufungia sabuni yako sandukuni. Hayo unayajua, na mwaka huu wa kipindupindu kila mtu anayajua. Nataka kukueleza kwa nini Jumapili iliyopita niliinuka mezani.

Mdogo wako Samweli alimwaga mboga, nawe ukamwambia, "Wewe paki kweli." Hukuwa na hasira. Ulisema kama watu wote wa hapa wanavyosema. Nilitoka nje, ukanifuata, ukaniuliza kama naumwa. Nikakujibu kwamba moshi umeniingia machoni. Nilikudanganya. Neno lile linatumika sokoni, linatumika kwenye foleni ya unga, vijana wa stendi wanalitumia wakimtukana utingo aliyesahau mzigo. Hakuna anayejua limetoka wapi. Wengine wanadhani ni Kiiraqw, wengine wanasema ni la Wahindi. Nililileta mimi Babati, Vero, na mtu wa kwanza kuitwa hivyo alikuwa na jina lake zuri tu. Aliitwa Bura.

Unajua kwamba mimi ni mwalimu wa UPE. Serikali ilipotaka kila mtoto asome, walimu hawakutosha, wakatuchukua sisi tuliomaliza darasa la saba, tukafundishwa ualimu huku tukifundisha. Mimi nilikuwa tayari nina wewe mgongoni. Labda hujui walimu waliosoma miaka yao kamili chuoni walivyokuwa wakituangalia. Pale shuleni kwetu, ile ya karibu na ziwa, nikisema jambo kikaoni mtu mwingine alilirudia baada yangu kwa maneno mengine, na hapo ndipo lilisikika. Niliambiwa nifundishe madarasa ya chini kwa sababu "kule hakuharibiki kitu." Nilimeza hayo miaka mitatu.

Kisha tukapelekwa chuoni kwa wiki chache za semina. Katika maktaba yao kulikuwa na kitabu kikubwa cha wanyama, jalada limeliwa na mchwa, picha zimepauka. Jioni wenzangu walipokwenda kutafuta ndizi, mimi nilikaa na kitabu kile na kamusi. Humo nikakuta neno Pakisefala. Kitabu kilieleza kwamba wataalamu huunda majina ya wanyama kwa lugha za kale, na kwamba neno hilo limetokana na maneno mawili ya Kigiriki, moja lenye maana ya nene na jingine lenye maana ya kichwa. Mwenye kichwa kinene. Nililiandika kwenye kiganja cha mkono ili nisilisahau.

Nilirudi nalo Babati kama mtu aliyerudi na kitenge kipya. Nilitafuta mahali pa kulivaa.

Bura alikuwa mhudumu wa shule. Mtu mrefu, mkimya, mzaliwa wa kule juu Mbulu, aliyejifunza Kiswahili ukubwani na ambaye maneno yalimganda mdomoni, hasa mbele ya watu wenye vyeo. Ukimsubiri, sentensi ilifika. Tatizo ni kwamba hakuna aliyemsubiri. Alimwagilia bustani, alifagia ofisi, alitengeneza mipini ya majembe. Alilijua ziwa kuliko sisi wote kwa sababu alikuwa akitega samaki huko alfajiri kabla ya kuja kazini.

Siku moja mwalimu mkuu alimtuma akalete jembe la uma, yeye akaleta reki. Akasimama mlangoni mwa ofisi ya walimu akijaribu kueleza kwamba jembe la uma limevunjika. Alikwama kwenye neno "limevunjika" kwa muda mrefu. Mwalimu mmoja akaangalia dirishani. Mwingine akapiga miayo. Nami nikasema, kwa sauti ya mtu anayefundisha, "Huyu kwa kitaalamu anaitwa Pakisefala."

Wote wakageuka. Waliniangalia mimi, Vero. Waliniuliza maana yake. Nikainuka nikaliandika ubaoni, nikalikata vipande viwili, nikaeleza Kigiriki chake. Walicheka mpaka mwalimu mkuu akavua miwani na kujifuta machozi. Mwaka ule tulikuwa tunakula unga wa yanga, ule wa mahindi ya njano ya msaada, chai tunakunywa bila sukari, chaki tunazikata vipande vitatu. Kicheko kama kile kilikuwa kimeadimika kama sukari yenyewe. Mwalimu mkuu akasema, "Kumbe Mama Vero una mambo." Mwezi uliofuata nikapewa darasa la tano, somo la sayansi.

Bura alitabasamu naye, akaondoka na reki yake.

Kuna sehemu ya maelezo ya kitabu ambayo sikuiandika ubaoni. Kitabu kilisema jina hilo wamepewa ndege fulani wa visiwa vya mbali, wenye vichwa vya mviringo, na kwamba ndege hao ni waimbaji hodari. Kikasema pia kwamba mtaalamu akilitumia neno hilo anapima mfupa tu, kama vile mtu anavyopima unene wa ubao, na hasemi lolote juu ya akili ya mnyama. Mfupa mnene ni kinga ya kilichomo ndani. Niliyasoma hayo yote kwa macho yangu. Niliyaacha chuoni kwa sababu hayakuchekesha.

Wanafunzi wakalidaka. Neno likawa refu mno kwao, wakalifupisha likawa Paki. "Paki, kengele." "Paki, Mwalimu anakuita." Wakaanza kuitana wenyewe kwa wenyewe, yule aliyeshindwa hesabu ndiye Paki wa siku hiyo. Wakalipeleka nyumbani kwao Nakwa na Bagara. Darasani kwangu niliwafundisha kwamba kiboko naye ni pakisefala, na hilo lilikuwa kosa hata kitaalamu, kwa sababu kiboko waliwahi kumweka kwenye kundi la wenye ngozi nene, si vichwa vinene. Sikujali. Watoto walifurahi kusikia kwamba Bura na viboko ni ukoo mmoja.

Basi nilikuwa hivyo. Nataka uijue sura hiyo ya mama yako kabla sijafika kwenye lile lililotokea.

Mwaka ule mvua zilikata mapema. Ziwa likarudi nyuma, likaacha tope na matete marefu kati ya shule na maji. Pampu ya kisima cha shule ilikuwa imesimama tangu Pasaka, dizeli hakuna, na kipuri kilichotakiwa hakikupatikana hata Arusha. Tukaambiwa kwamba mkaguzi anakuja, na kitu cha kwanza atakachotaka kuona ni bustani ya mboga ya shule. Kwa hiyo kila asubuhi saa nne tuliwatoa watoto wa darasa la tano na la sita na ndoo na madebe, wakachote maji ziwani. Njia fupi ilipita katikati ya matete. Njia ndefu ilizungukia juu, kwenye malisho ya ng'ombe, na ukiipita hiyo kipindi kizima kinakwisha.

Wiki hiyo mimi ndiye nilikuwa mwalimu wa zamu.

Jumatatu Bura alikuja mlangoni. "Mwalimu," akasema, "ile njia ya ma... ya matete. Kuna kiboko jike. A... ana ndama."

Nilikuwa nasahihisha madaftari. Nikamwuliza, "Umemwona wapi?"

"Pale njia inapokata kona. Watoto wapite ju... juu."

"Sawa, nimesikia," nikamwambia, na kweli nilikuwa nimesikia. Kisha nikahesabu vipindi vilivyobaki kabla ya mkaguzi, nikawaacha watoto wapite walipozoea. Wakarudi salama. Jumanne wakarudi salama.

Jumatano akaja tena. Safari hii walimu walikuwepo wote. Alisimama pale pale mlangoni, kofia mkononi, akaanza kusema juu ya yule jike, kwamba sasa amehamia karibu zaidi na njia kwa sababu maji yamezidi kupungua. Alikwama. Nikaona wenzangu wananiangalia, wanangoja. Nikasema, "Paki anawaogopa ndugu zake."

Ofisi nzima ikaangua kicheko. Bura akasubiri kitulie, na kilipotulia hakumalizia sentensi yake. Akavaa kofia akatoka.

Ijumaa, saa nne na kitu, nikiwa ofisini nilisikia sauti. Nimejaribu miaka hii kutafuta namna ya kukueleza sauti ile na nimeshindwa. Watoto zaidi ya sitini wanapokimbia pamoja bila kupiga kelele, unasikia miguu na madebe tu. Kelele zilikuja baadaye. Nilitoka mbio. Walikuwa wanapanda kutoka mateteni, wengine hawana ndoo, wengine hawana viatu, na kila niliyemshika aliniangalia kama hanijui. Nikaanza kuwahesabu. Niliwahesabu mara mbili, na mara zote mbili alipungua mmoja.

Alikuwa Paskalina, wa darasa langu la tano. Mtoto wa Nakwa, mwembamba, aliyependa kutangulia mbele kwa sababu aliamini anayetangulia anachota maji safi. Baba yake alikuwa amefariki, na mama yake alikuwa na huyo tu.

Bura alikuwa ameshafika alipokuwa mtoto kabla yangu. Yule mnyama alikuwa amerudi majini na ndama wake, maji yametulia kabisa, kama vile hakuna kilichopita. Sitakuandikia nilichokiona. Gari la hospitali halikuwa na petroli. Tukang'oa mlango wa stoo, wanaume wanne wakambeba juu yake, Bura akiwa mmoja wao, upande wa kichwani. Nilitembea pembeni nikiwa nimeshika kiatu chake kimoja. Alifariki kabla hatujafika barabara kubwa. Bura alijua kabla ya wote, nilimwona alivyopunguza mwendo. Lakini hakusema, tukaendelea kutembea.

Jumatatu iliyofuata alikuja ofisa na faili lake. Mwalimu mkuu alikuwa ameandaa maelezo, ukurasa mmoja, yamepigwa taipu. Yalisema kwamba mhudumu wa shule alikuwa na habari za kuwepo kwa mnyama hatari na hakutoa taarifa iliyoeleweka kwa uongozi. Chini yake kulikuwa na nafasi za saini zetu. Ukiyasoma haraka huoni uongo ndani yake. "Iliyoeleweka." Mtu aliyechagua neno hilo alijua anachofanya.

Niliomba niende nayo nyumbani. Baba yako aliyasoma mara mbili, akaniuliza, "Usiposaini, itakuwaje?"

"Wataniuliza kwa nini niliwapeleka."

"Na ukiwaambia?"

"Nitafukuzwa. Labda na zaidi."

Ulikuwa umelala kwenye kile kitanda cha kamba, Samweli miguuni kwako. Baba yako akawatazama, akasema, "Yule bwana hana mke wala mtoto. Ana mikono, atalima." Hakusema kwa ukatili. Alisema kama mtu anayegawa chakula kidogo na kujua nani atakosa. Asubuhi nikasaini. Nilikuwa wa tatu.

Bura akaachishwa kazi siku hiyo hiyo. Alisimama mbele ya ofisa, akaulizwa kama ana la kujitetea, akajaribu kusema neno fulani. Ofisa akaangalia saa. Hakulimaliza.

Habari zilizofika Nakwa ni kwamba Paki alijua na akanyamaza. Mama Paskalina alimfuata njiani mbele za watu akamwuliza, "Mwanangu alikukosea nini?" Watu wakaacha kumsalimia. Watoto wakawa wanamrushia mabonge ya udongo wakimwita jina nililompa. Baada ya miezi miwili alihama, akaenda Bonga kukaa kwa dada yake. Mkaguzi alikuja, akaisifu bustani.

Sasa nikueleze yaliyotokea mwaka jana, kwa sababu ndiyo yaliyonifanya niandike.

Unakumbuka nilikwenda Bonga kutafuta mahindi ya mbegu. Nilizunguka nyumba nyingi, nikachoka, nikaomba maji kwenye nyumba moja iliyokuwa na uzio wa minyaa. Aliyenitolea maji alikuwa Bura. Amezeeka kuliko umri wake, kifua kinamsumbua, anakohoa akishika ukuta. Akaninyooshea kikombe kwa mikono miwili kama anayempa mgeni wa heshima.

"Karibu, Mwalimu," akasema.

Nikakaa kwenye kigoda. Sikunywa. Nikaanza kumwomba msamaha, na maneno yakanishinda mimi safari hii. Alinisubiri. Aliniangalia mpaka nikafika mwisho, wala hakunisaidia neno hata moja. Kisha akasema, taratibu, huku akikwama na kuendelea, na mimi nayaandika hapa bila vile vikwazo vyake.

"Lile jina nilimwuliza padre maana yake. Wiki ile ile mliponipa. Akaniambia ni kichwa kinene. Kwa hiyo nilikuwa najua."

"Ulikuwa unatabasamu, Bura."

"Ningefanyaje?"

 Yeye akaendelea. "Kuna jambo hulijui. Ile Ijumaa asubuhi nilimwona. Amesimama katikati ya njia kabisa, na ndama yuko nyuma yake. Nilikimbia kuja kuwaambia. Nilifika mpaka mlangoni. Mlango umerudishwa, nyie mko ndani mnacheka. Nikasikia Paki, Paki. Nikasema moyoni, nimewaambia Jumatatu, nimewaambia Jumatano. Nikarudi kumwagilia miche."

Nilimwuliza swali ambalo ningetamani nisingeliuliza. "Ilikuwa sauti ya nani?"

"Yako, Mwalimu."

Vero, sikumbuki tulichokuwa tunacheka. Nimetafuta kichwani mwangu kila kona. Ilikuwa asubuhi ya kawaida na nilikuwa nasimulia kitu.

"Niliwaona wakipita na madebe," akasema. "Yule mtoto alinisalimia. Alisema shikamoo. Nikaitikia marahaba. Ningeweza kusema hapo."

 Dada yake alipita na kuni, akanisalimia vizuri, hajui mimi ni nani. Nilipoinuka kuondoka nikamwambia Bura kwamba nitakwenda kwa Mama Paskalina nimweleze kwamba yeye alitoa taarifa, mara mbili, kwangu mimi. Akatikisa kichwa.

"Ukienda, sema yote. Na lile la mimi kuishia mlangoni nikageuka, usiliache. Nusu nusu sitaki tena."

Nikaahidi. Hiyo ilikuwa mwaka jana kabla ya mvua. Sijaenda. Nilijiambia ngoja kwanza Vero amalize mitihani. Kisha ngoja Vero apate nafasi ya chuo. Nilikufanya wewe kuwa sababu, kama baba yako alivyokufanya usiku ule wa kusaini, na wewe hukuombwa ruhusa mara zote mbili. Usibebe hilo. Nalisema ili ujue kwamba mtu mwoga hujificha nyuma ya mtoto wake na kuita jambo hilo upendo. Mimi nimefanya hivyo na nilijisikia mama bora wakati nikifanya.

Kuna jambo jingine ambalo limenikosesha raha. Mvua za mwaka huu nazo zimekata. Ziwa limerudi nyuma tena, matete yameota pale pale. Jumanne nilikuwa natoka Nakwa, nikawaona watoto wa shule yetu ya zamani wakishuka na madebe kwa njia ile ile. Walimu ni wapya, vijana, hawajui habari. Nikawaita watoto, nikawaambia wapande juu. Wakaniangalia, wakaangaliana. Mmoja akasema kwa sauti ya chini, akidhani sisikii, "Bibi huyu paki." Wakacheka, wakateremka.

Nilisimama barabarani mpaka wakarudi wote. Nilikwenda kwa mwalimu mkuu wao, kijana mpole, akaniandalia kiti. Nikamweleza juu ya viboko. Akasema, "Asante mama, tutaliangalia," akiwa ameshika kalamu ya kusahihishia. Niliitambua sauti hiyo. Jana asubuhi nilipita tena, na nyayo za watoto zilikuwa mbichi kwenye njia ya matete. Kando yake kulikuwa na nyayo nyingine, kubwa, na ndogo zake. Nimemrudia yule mwalimu mara ya pili na nitamrudia Jumatatu. Sina namna nyingine. Naona tu jinsi ninavyozidi kuwa kichekesho mlangoni pake.

Unakwenda kuwa mwalimu. Chuoni watakufundisha kutunga somo na kutumia ubao, na utajifunza majina mengi ya kitaalamu, nami nafurahi, kwa sababu nilitamani sana kuyajua na sikupewa nafasi. Yapende. Sikutegemei uwe mtu asiyetania wala asiyecheka na wenzake. Mimi kilichonipata ni kwamba nilikuwa na njaa ya kusikilizwa, na nilipopata wa kunisikiliza niliwalisha mtu. Sijui kama utawahi kuwa na njaa hiyo. Una sauti nzuri, na watu wamekusikiliza tangu ukiwa mdogo. Lakini kule ugenini, ukiwa peke yako na wenzako wanatoka shule kubwa kuliko yako, huenda ikakujia. Ikija, niandikie. Niandikie hata kama ni aibu.

Na kuhusu Samweli, usimwombe radhi kwa barua ndefu. Mwite tu kwa jina lake kabla hujapanda basi.

Sasa linalobaki, nawe unapaswa kulijua kabla hujalisikia kwa watu, maana habari za Babati zinasafiri na kila basi.

Bura yuko kitandani. Dada yake alituma mtu Alhamisi kuniambia kwamba hali yake si nzuri na kwamba ananiulizia. Mtu huyo alisema Bura ametoa neno moja tu: "Amekwenda?" Nikamjibu, mwambie nitakwenda kwa Mama Paskalina Jumapili baada ya ibada. Nimemwambia na baba yako. Hakunikataza. Alisema kwamba nikienda, wataniuliza na saini, na wataniuliza na yeye kama alijua, na kwamba haoni marehemu atafaidika nini. Tangu hapo anaongea nami mambo ya basi lako tu. Usimkasirikie. Anaogopa, na anachokiogopa ni kweli.

Huenda nikaachishwa kazi. Huenda faili likafunguliwa upya. Ukisikia lolote, usikatishe masomo kurudi nyumbani, hata akikuandikia mtu kwamba mama yako ameshikwa. Hili ndilo agizo langu pekee katika barua hii.

Nilichokuwa nakiogopa kukuandikia nimekiacha mwisho. Yale maharage mekundu ambayo kila mavuno yanaletwa hapa kwenye kikapu, ambayo wewe unayapenda kuliko ya dukani, ulizoea kuniuliza yanatoka kwa nani, na mimi nikakujibu ni kwa mzazi mmoja. Ni ya Mama Paskalina. Ameniletea kila mwaka tangu msiba. Anasema mwanawe alinipenda, alikuwa akirudi nyumbani na kumfundisha yote niliyomfundisha, na kwamba siku ile nilitembea na kiatu cha mtoto mkononi mpaka hospitali, naye hajaona mwalimu mwingine mwenye moyo kama huo. Nimeyapokea miaka yote. Nimeyapika. Tumeyala.

Jana nilimtumia salamu kwamba kesho nitafika kwake Nakwa, nina maneno ya kumweleza. Jibu lake limeletwa leo mchana na mtoto wa jirani. Anasema amefurahi sana, ni siku nyingi sijafika kwake kama mgeni. Anasema nisibebe chochote, nije na njaa, yeye atapika.

Ni mimi,
mama yako.